Nani Alimwita Jambazi? Uchambuzi wa Kisa cha Kusimulia Filamu Bubu ya Samurai kwa Kiswahili

Kuhusu kisa hiki

Ni kisa cha maonyesho mawili ya filamu moja: filamu ileile, ukumbi uleule, msimuliaji yuleyule. Mara ya kwanza watu walicheka pale filamu inapolia. Mara ya pili hakuna aliyecheka, ila tulipoteza kitu kingine ambacho nitakieleza mbele.

Nimeondoa majina ya watu, ya ukumbi na ya mji. Itoshe kusema yalitokea eneo la Kansai, Japani, mbele ya kikundi cha Waswahili wanaosoma na kufanya kazi huko, pamoja na wanafunzi wachache Wajapani wanaojifunza Kiswahili. Majina yaliyobaki ni ya filamu na ya watu wa historia ya sinema. Mimi ndiye niliyeandika matini ya msimuliaji, kwa hiyo sehemu kubwa ya makosa yatakayoelezwa hapa ni yangu.

Usuli

Filamu za samurai zilianza kama ukumbi wa kabuki, maigizo ya jadi ya Kijapani, uliowekewa kamera mbele. Mtu aliyezikuza ni Makino Shōzō, aliyekuwa akiendesha jumba la michezo Kyoto. Filamu yake ya kwanza ya kihistoria ni ya mwaka 1908. Mwaka uliofuata alianza kufanya kazi na Onoe Matsunosuke, mwigizaji wa jukwaani aliyekuja kuwa nyota mkubwa wa kwanza wa sinema nchini humo. Watazamaji walimpachika jina la utani kwa sababu ya macho yake makubwa, na filamu zake huhesabiwa kufikia 1,000 hivi. Katika filamu hizo kamera ilisimama mahali pamoja, wanawake waliigizwa na wanaume, na pambano la panga lilikuwa kama ngoma: hatua, mkao, macho yanatolewa, adui anaanguka kwa adabu.

Miaka ya 1920 mambo yakageuka. Kundi la maigizo la Shinkokugeki, lililoanzishwa mwaka 1917 na Sawada Shōjirō, lilikuwa limeleta jukwaani mapigano ya panga ya kasi, yenye jasho. Tetemeko la Septemba 1923 liliharibu studio za Tokyo, na kazi nyingi ikahamia Kyoto. Hapo kizazi kipya cha waandishi na waongozaji kikaanza kumtazama samurai kwa jicho jingine. Hakuwa tena shujaa wa bwana wake. Alikuwa kijana asiye na bwana, mwenye hasira, anayesukumwa na watu wenye vyeo hadi ukingoni.

Filamu tuliyoichagua, *Orochi*, yaani joka, inatoka katika wimbi hilo. Ilitoka mwaka 1925, ikaongozwa na Futagawa Buntarō na kuandikwa na Susukita Rokuhei. Nyota wake, Bandō Tsumasaburō, alikuwa na umri wa miaka 23 tu, na ilitengenezwa chini ya kampuni yake mwenyewe aliyoianzisha mwaka huohuo, jambo ambalo wakati ule waigizaji wachache sana walithubutu kulifanya. Jina lake la kwanza halikuwa *Orochi*. Ilikuwa iitwe *Buraikan*, neno la kumtukana mtu asiye na kwao, asiyeheshimu lolote. Wakaguzi wa serikali hawakulikubali. Kumbuka kwamba Julai 1925 ndipo ukaguzi wa filamu ulipowekwa chini ya Wizara ya Mambo ya Ndani kwa nchi nzima. Kabla ya hapo kila mkoa ulikuwa na polisi wake na mkasi wake. Jina likabadilishwa na vipande vikakatwa.

Jambo la mwisho la usuli ni benshi. Filamu bubu nchini Japani haikuonyeshwa kimya. Kando ya skrini alisimama benshi, akasimulia, akawasemea wahusika wote, mzee kwa sauti ya mzee na binti kwa sauti ya binti, huku shamisen (ala ya Kijapani ya nyuzi tatu), ngoma na ala za Kizungu zikipigwa chini yake. Benshi walikuwa nyota. Watu walichagua jumba la sinema kwa kuangalia nani anasimulia jioni hiyo. Serikali nayo iliwatambua kwa namna yake: tangu mwaka 1917 polisi wa Tokyo waliwataka wawe na leseni, kwa sababu ilijua kwamba picha ni moja lakini mdomo unaweza kuigeuza.

Msomaji aliyekulia Tanzania, Kenya au Uganda ameshamwelewa benshi ni nani. Ni kazi ya Lufufu, ni kazi ya DJ Afro, ni kazi ya VJ Jingo. Ni ile sauti ya kibanda umiza, banda la mtaani la kuonyeshea video. Ndiyo sababu wazo letu lilionekana rahisi: filamu iliyoundwa isimuliwe, tuipe msimuliaji.

Filamu inasema nini

Lazima nieleze hadithi, maana kosa letu limo ndani yake.

Kuritomi Heizaburō ni samurai wa daraja la chini, mwanafunzi wa mwalimu wa maadili ya Kikonfusio. Anampenda Namie, binti wa mwalimu wake. Siku ya karamu ya kuzaliwa kwa mwalimu, kijana wa familia kubwa anafanya ufidhuli. Ugomvi unazuka, na lawama zinamwangukia Heizaburō kwa sababu yule mwingine ni mtoto wa mkubwa. Baadaye anawasikia watu wakimsema Namie vibaya, anawapiga, na kwa mara ya pili hakuna anayeuliza kwa nini. Mwalimu anamfukuza.

Kuanzia hapo anatangatanga. Kila anapojaribu kusimamia haki, watu wanaona ghasia tu. Anatupwa jela. Katika mji mwingine moyo unamwendea mhudumu wa mgahawa aitwaye Ochiyo, na hapo pia mambo yanaharibika. Mwisho anajikuta chini ya ulinzi wa Jirozō, kiongozi wa genge ambaye mji mzima unamsifu kama mtetezi wa wanyonge, kumbe nyumbani kwake anawadhulumu wanawake. Usiku mmoja Namie, ambaye sasa ameolewa na yumo safarini na mumewe mgonjwa, anaingizwa katika nyumba hiyo. Heizaburō anamwokoa, na kwa kumwokoa anakuwa muuaji mbele ya sheria. Kinafuata pigano refu la mtu mmoja dhidi ya kundi zima la askari. Anashindwa. Anafungwa kamba na kupelekwa mbele ya umati unaomwona mwovu aliyestahili. Watu wawili tu wanajua ukweli, Namie na mumewe, na wanamtazama kwa machozi.

Filamu inafunguliwa kwa kibao cha maandishi kinachosema, kwa maana yake, kwamba si kila aitwaye mwovu ni mwovu, na wapo wengi waovu waliojificha nyuma ya sura ya heshima. Kibao hicho ndicho ufunguo wa nyumba nzima.

Yaliyotokea onyesho la kwanza

Msimuliaji wetu ni bwana wa makamo, mtu wa pwani ya Tanzania, aliyewahi kusimulia filamu katika vibanda vya video miaka ya nyuma kabla ya kusafiri. Nilimpa matini ya kurasa 11 siku tatu kabla ya onyesho. Hatukufanya mazoezi hata mara moja. Alikuwa na shughuli zake, nami niliona aibu kumsumbua mtu mzima mwenye ujuzi kuliko mimi.

Walikuja watu 46, wengine na watoto. Taa zikazimwa, na filamu ikaanza wakati mratibu bado yuko mbele akiwashukuru waliopika vitafunio. Kibao cha ufunguzi kikapita nyuma ya kichwa chake. Hakuna aliyekisoma, hakuna aliyekisimulia.

Kisha msimuliaji akachukua maikrofoni, na ukumbi ukawa wake. Nakiri alikuwa na kipaji. Heizaburō alipoonekana tu akasema, "Huyu sasa ndiye steringi wetu, mtazameni vizuri." Watu wakapiga makofi. Karamu ya mwalimu, ambayo ndiyo chanzo cha kila kitu, aliijaza mizaha kuhusu pombe na chakula. Ugomvi ulipozuka hakuna aliyejua umeanzishwa na nani. Alipofika kwenye wanaomtukana Heizaburō, alitumia neno nililomwandikia: jambazi. Alilisema kwa sauti yake mwenyewe, si kwa sauti ya wale watukanaji, kwa sababu mimi nililiandika katika sehemu ya masimulizi.

Pigano la mwisho lilipoanza ukumbi ulilipuka. "Mpe! Mwingine huyo! Nyuma yako!" Msimuliaji alihesabu waliokatwa. Aliwapa askari majina ya kuchekesha. Kisha Heizaburō akachoka. Hatua zikamlemea, upanga ukawa mzito mkononi, wakamzidi nguvu, wakamfunga. Mtu mmoja nyuma akapaza sauti, "Steringi hafi! Sehemu ya pili iko wapi?" Kicheko kikapita ukumbi mzima, watu wakaanza kusimama na kukusanya watoto. Namie alikuwa bado analia kwenye skrini.

Mlangoni mama mmoja aliniuliza swali ambalo sijalisahau: "Mwanangu, yule kijana kosa lake lilikuwa lipi hasa?"

Maamuzi tuliyofanya, na sababu zake

Tulikaa wiki iliyofuata, watu wanne: mimi, msimuliaji, mratibu na mwanafunzi mmoja wa Kijapani aliyetusaidia kusoma vibao vya maandishi. Pendekezo la kwanza lilikuwa kumwacha msimuliaji na kuweka maandishi ya Kiswahili chini ya picha. Tulilikataa. Filamu hii haikutengenezwa isomwe, na nusu ya wageni wetu walikuja kwa ajili ya ile sauti.

Neno *jambazi* ndilo lililotuchukua muda mrefu kuliko yote. Nililichagua kwa haraka, kama tafsiri ya *buraikan*. Lakini jambazi ni mtu mwenye silaha aliyekuja kuiba. Ukimwita mtu hivyo umeshamhukumu, na umemhukumu kwa kosa ambalo Heizaburō hakulitenda. Yule mwanafunzi alitueleza kwamba *burai* katika maandishi yake ni kutokuwa na cha kuegemea, kutokuwa na mtegemezi. Msimuliaji akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Bwana mdogo, huyo si jambazi. Huyo ni mhuni."

Alikuwa sahihi kabisa. Leo tunamwita mhuni mtu yeyote mkorofi, lakini katika matumizi ya zamani mhuni ni mtu anayezurura, asiye na makao wala jamaa wa kumtetea. Kutokuwa na kwenu kukageuka kuwa tusi. Maneno mawili ya lugha zisizojuana, buraikan na mhuni, yamepita njia ileile, na ndiyo njia anayopitishwa Heizaburō katika filamu nzima. Hakuna neno la Kiswahili ambalo lingekaa pale vizuri zaidi, na lilitoka kwa mtu niliyekuwa nimemwona kuwa amekosea.

Baada ya hapo tuliamua mengine. Neno *mhuni* litasemwa na wahusika tu, kwa sauti zao. Msimuliaji atamwita kijana kwa jina lake, Heizaburō, na kamwe hatasema steringi. Hakuna mtu atakayezungumza kabla ya kibao cha ufunguzi kusomwa polepole, mara mbili. Mizaha ibaki, ila isiguse karamu ya mwalimu. Katika pigano la mwisho msimuliaji atanyamaza baada ya dakika za mwanzo na kurudi pale tu kamba inapofika.

Uamuzi huu wa mwisho msimuliaji aliupinga, na sababu zake zilikuwa nzito. Alisema katika kibanda umiza pigano ndilo mshahara wa msimuliaji. Ukinyamaza pale, watu watadhani umeishiwa. Tulikubaliana bila yeye kuridhika.

Kuhusu muziki sina mengi. Mara ya kwanza tuliweka rekodi ya okestra iliyomfunika msimuliaji. Mara ya pili tulikuwa na kijana mmoja na ngoma ndogo, ikatosha.

Tukafanya mazoezi mara tatu.

Matokeo

Onyesho la pili lilivutia watu 31, kati yao 14 waliokuwapo mara ya kwanza. Kibao cha ufunguzi kilisomwa. Katika karamu ya mwalimu ukumbi ulikuwa kimya kiasi cha kusikia viti. Jirozō alipotokea akisifiwa na mji, mtu mmoja aliguna, na nikajua tumeeleweka, kwa sababu guno lile lilikuwa la mtu anayemjua Jirozō wa kwao.

Pigano likaanza, msimuliaji akasimulia kidogo, akashusha maikrofoni. Zilibaki ngoma na pumzi za watu. Tuliona kitu ambacho mara ya kwanza kilizikwa na kelele: Heizaburō hapigani ili ashinde. Anakimbia, anakwama, anarudi, anatazama huku na huku kama anayetafuta mlango. Kamba ilipofika, msimuliaji alirudi na sentensi moja tu kwa sauti ya umati, "Mhuni amekamatwa." Kisha akamsemea Namie, na sauti yake ikakatika kweli. Hakuna aliyesimama hadi taa zilipowashwa.

Lakini yapo mengine. Familia mbili ziliondoka katikati. Vijana kadhaa walisema onyesho la kwanza lilikuwa bora, na walimaanisha. Msimuliaji mwenyewe aliniambia alijihisi kama amefungwa kamba pamoja na Heizaburō. Wanafunzi Wajapani, kinyume na nilivyotarajia, ndio waliolalamika zaidi kwamba kimya kilikuwa kirefu mno.

Uchambuzi

Kwa muda mrefu nililieleza kosa la onyesho la kwanza kwa kusema msimuliaji alizidisha. Sasa naona maelezo hayo si ya haki. Alifanya kazi ya msimuliaji kwa vifaa nilivyompa, na kifaa kibovu kuliko vyote kilikuwa neno moja langu. Filamu nzima inahusu mtu anayeharibiwa na jina alilopewa na wengine. Mimi nikampa jina baya zaidi kuliko walilompa adui zake, tena nikaliweka katika kinywa ambacho watazamaji hukiamini. Wakati msimuliaji anasema "jambazi" kwa sauti yake, ukumbi unaambiwa kwamba hiyo ndiyo kweli. Wakati huohuo anamwita "steringi", na steringi kwa wapenzi wa filamu wa kwetu ana mkataba unaojulikana: atapigwa, atateswa, lakini mwisho atashinda. Tuliwapa watu mikataba miwili inayopingana, na wakachagua ule wa kufurahisha. Kicheko cha mwishoni hakikuwa cha ukatili. Walikuwa wanangoja ahadi tuliyoitoa wenyewe.

Kupotea kwa kibao cha ufunguzi kulifanya madhara zaidi ya nilivyodhani. Wakaguzi wa mwaka 1925 waliweza kubadilisha jina la filamu kwa sababu walijua jina hufundisha mtazamaji atazame vipi. *Buraikan* kama jina lingemlazimisha mtu aulize tangu mlangoni: mhuni ni nani hapa? *Orochi* linaacha swali hilo ndani, katika kibao cha ufunguzi na katika mdomo wa benshi. Sisi kwa salamu za vitafunio tuliziba mlango uliobaki.

Kwa nini basi kimya cha onyesho la pili hakikuwa dawa kamili? Wanafunzi Wajapani ndio walionifungua macho. Kwao kimya hakikuwa heshima kwa filamu, kilikuwa upungufu. Miaka ya 1910 walikuwapo wapenzi wa sinema wa Tokyo waliotaka benshi apunguzwe ili picha ijisemee yenyewe kama zilivyokuwa filamu za Ulaya na Marekani. Watazamaji wa kawaida hawakuwafuata. Benshi waliendelea hadi filamu za sauti zilipowaondoa miaka ya 1930, kwa migomo na uchungu mwingi. Hata leo sanaa yenyewe haijafa: Matsuda Shunsui, aliyefariki mwaka 1987, alitumia maisha yake kukusanya filamu bubu na kuzisimulia, *Orochi* ikiwa mojawapo, na mwanafunzi wake Sawato Midori akaiendeleza. Kwa hiyo mimi, nikidhani narudi kwenye asili ya filamu, nilikuwa nimejiunga na upande ulioshindwa karibu miaka mia moja iliyopita. Msimuliaji wetu, kwa uzoefu wa kibanda umiza peke yake, alikuwa karibu zaidi na Kyoto ya 1925 kuliko mimi na vitabu vyangu.

Hata hivyo sirudi nyuma kuhusu dakika za mwisho. Naona kimya kile kilifaa kwa sababu kilitanguliwa na saa nzima ya sauti. Kingekuwa kimya kitupu kama filamu yote ingeachwa hivyo. Kilichokosewa ni urefu wake, na namna nilivyokiamua juu ya kichwa cha mtu aliyepaswa kukibeba.

Kuna jambo jingine ambalo siwezi kulipuuza. Filamu nyingi mno za wakati ule zimepotea, kwa moto, kwa mabomu ya vita, kwa kutupwa tu. Kazi kubwa ya mwongozaji Itō Daisuke ya mwaka 1927, yenye sehemu tatu, ilidhaniwa imetoweka hadi vipande vyake vilipopatikana mwaka 1991. *Orochi* ni kati ya chache za Bandō za miaka hiyo tunazoweza kuziona. Tulipoionyesha vibaya mara ya kwanza, kwa watu 46 hiyo ndiyo iliyokuwa filamu bubu ya samurai ya pekee maishani mwao, na 32 kati yao hawakurudi. Wanaikumbuka kama kichekesho cha ngumi chenye mwisho uliokatika. Deni hilo bado liko juu yangu.

Matini ya sasa

Matini imeandikwa upya mara ya tatu, safari hii tukikaa pamoja, yeye akisema nami nikiandika. Ina kurasa 6. Pigano la mwisho limegawanywa: msimuliaji anamfuata Heizaburō kwa pumzi zake, neno moja moja, hadi miguu inapoanza kumlemea, ndipo ananyamaza. Majina ya kuchekesha ya askari yamerudi, lakini ni kwa wale wawili wa mwanzo tu. Kuanzia wa tatu hawana majina. Na pale umati unaposema "mhuni amekamatwa", msimuliaji ameomba aongeze swali moja kwa sauti ya mtoto aliye katika umati, sauti ambayo haimo katika filamu wala katika kibao chochote: "Mama, kafanya nini?"

Nilimwambia, "Mzee, hilo si la filamu." Akanijibu kwamba ni la yule mama wa mlangoni. Limebaki.